Siku Nne za Sange Uani kwa Odete

Asubuhi ya siku ya nne Odete aliikuta sahani ya mchwa iko vilevile alivyoiweka jana. Mchwa wenyewe walishakufa, wamekaukia pembeni kama makapi ya mpunga. Akachutama nje ya banda, akaweka kiganja juu ya macho kukinga jua, akamtafuta mgeni wake.

Mgeni alikuwa anakimbia. Hakukuwa na aliyemfukuza. Alikuwa anaambaa ukuta wa wavu, kutoka kona ya kioo mpaka kona ya mlango, anageuka, anarudi. Kila akigeuka anagonga pua, na ile pua yake ndefu ilikuwa imeanza kuchubuka kwa juu.

"Umeamkaje, bibie?" Odete akamuuliza kwa sauti ya chini.

Sange hakusimama hata kumtazama.

Kwa asiyemjua sange, ni mnyama mwenye ukubwa wa panya buku, ila panya si ndugu yake. Mgongo umepinda kama wa paa, miguu ya nyuma mirefu, myembamba, ina madaha. Mgongoni ana madoadoa yaliyojipanga kwa mistari. Halafu ile pua! Ndefu, laini, inachezacheza huku na huku kama kidole cha mtu anayetafuta kitu gizani. Ukimwona mara ya kwanza utadhani Mwenyezi Mungu alibakiwa na vipande vya wanyama watatu, akaona si vizuri kuvitupa.

Huyu alikuwa jike. Odete alimkamata mwenyewe siku ya Jumapili katika msitu wa Nambunda, upande wa Mahurunga, kwa wavu wa marehemu baba yake. Na kabla ya kumkamata alisimama ofisi ya kijiji, mbele ya mwenyekiti Jafari na wajumbe wote, akasema maneno ambayo sasa yalikuwa yanamkaa kooni.

"Nitamrudisha ndani ya siku saba," alisema. "Kwa miguu yake minne."

"Na asiporudi?" Jafari akauliza.

"Asiporudi, na mimi nisiingie tena Nambunda."

Katibu akaandika kitabuni. Ikasomwa, Odete akaweka dole gumba.

Lilikuwa neno zito kuliko wenye mishahara wanavyoweza kudhani. Odete alikuwa mchimba ming'oko. Viazi vile vya porini havipandwi shambani, vinatafutwa msituni kwa jicho na kwa kijembe, na Nambunda ndiyo ilikuwa shamba lake, ghala lake na jirani yake. Ming'oko ndiyo iliyomsomesha Riziki, bintiye, mpaka akaolewa Masasi. Tangu mumewe Valdemar afariki, hakukuwa na mwingine wa kumletea chochote. Kijiji kilipoutenga ule msitu usikatwe wala usiwindwe, kiliacha watu wachache tu waendelee kuchimba, na yeye alikuwa mmojawapo. Kumfungia Nambunda ilikuwa sawa na kumzimia jiko.

Basi kwa nini alikubali? Watu walimuuliza, hasa wifi yake Luisa, dada wa marehemu Valdemar, ambaye kuuliza kwake na kutukana kwake ni kitu kimoja.

Sababu ni hii. Kwa miaka thelathini Odete alikuwa anachimba, na akimaliza shimo na kusogea, sange anakuja kupekua ule udongo mpya kutafuta wadudu. Mwanzo alipita tu. Baadaye akawa anakaa kimya juu ya gogo, anamtazama. Alijua njia zake, zile njia nyembamba zinazopita chini ya miti kama mshono wa nguo. Alijua sange wa kike na wa kiume wana eneo lao moja wanalolilinda, na mmoja akitoweka wiki haipiti, mwingine wa nje anaingia kushika nafasi. Akirudi nyumbani anasimulia, watu wanacheka. "Odete na panya wake mwenye mkonga!" Watoto wa siku hizi hata hawaamini kwamba mnyama huyo yupo. Kwa hiyo alipotokea Samweli na kamera yake, akasema anataka dunia nzima imwone sange, Odete alihisi kama mtu aliyeitwa shahidi baada ya miaka mingi ya kuitwa mwongo.

Samweli alikuwa kijana wa miaka thelathini na kitu, mzaliwa wa Chuno, Mtwara mjini. Baba yake alitokea Bukoba akaja kufanya kazi bandarini, akazeekea hapohapo. Samweli kazi yake ilikuwa kupiga video za harusi. Hiyo ilikuwa filamu yake ya kwanza ya mnyama, na mazoea hayakumtoka: siku ya kwanza alichuchumaa mbele ya kioo akasema, "Bibi harusi, geuka kidogo huku." Luisa alicheka mpaka akashika mbavu.

Alikuja na barua ya bwana wanyama wa wilaya, muhuri juu: sange mmoja, siku saba, arudishwe palepale alipokamatwa. Akajenga banda uani kwa Odete, wavu pande tatu na kioo upande wa nne, ili apate kitu ambacho porini hakuna aliyekaa karibu kiasi cha kutosha kukipiga picha: sange akijijengea kitanda chake.

Siku tatu zimekwisha. Kitanda hakijajengwa, na sasa sange hali.

Samweli alifika anapiga miayo, kamera begani. Alikuwa analala kwa Luisa, nyumba ya pili.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Njoo uone."

Akaweka jicho kwenye kamera, akatabasamu. "Mbona leo kachangamka? Tazama anavyocheza."

"Hachezi," Odete akasema. "Mtu akipigwa na usingizi asipate pa kulala, anatembea. Nimewahi kutembea hivyo."

Ni kweli. Alikuwa na miaka sita walipovuka Ruvuma kukimbia vita upande wa pili. Walitembea siku tatu, usiku kwa usiku, kabla ya kuufikia mtumbwi. Mama yake alimbeba yeye mgongoni, na baba akabeba wavu wa kuwindia kichwani. Chungu kilisahaulika. Mpaka anazikwa, mama hakuacha kumsema mumewe: "Mwanaume kabeba wavu, kaacha chungu!" Na baba anajibu, "Chungu ungepikia nini?" Mwaka wa kwanza wavu ule ndio uliowalisha, sungura na sange. Odete amekula sange wengi utotoni. Hilo hakulificha. Pengine ndiyo maana huyu mmoja alimtaka arudi.

Luisa naye akaingia uani, khanga kifuani, mswaki mdomoni. Akachungulia banda. Mle ndani, kwenye kona, kulikuwa na boksi, na ndani ya boksi kipande cha khanga safi kimekunjwa.

"Wifi," akasema, "kaka yangu alilala kwenye mkeka uliotoboka miaka kumi. Leo panya kaja, katandikiwa shuka!"

"Hajalilalia hata mara moja."

"Basi nipe mimi. Mimi ningelala."

"Wifi, mnyama anakufa huyu."

Luisa akatoa mswaki mdomoni. Akatazama tena.

Samweli akachutama karibu na Odete, akashusha sauti. "Mama, kuna njia. Tumfunge uzi mguu wa nyuma, ule mshipi mwembamba wa kuvulia. Atatulia mbele ya kioo, tutapata picha, tumrudishe leo hii. Wale wa zamani ndivyo walivyofanya."

"Wa zamani wapi?"

Akafungua kompyuta yake juu ya kinu kilichopinduliwa. Alikuwa na picha moja ya sinema aliyopewa na padri mstaafu kule mjini, ya miaka ya zamani sana, nyeusi na nyeupe, haina sauti. Mzungu mmoja alipita pwani hii na sanduku lake la kupigia picha, akanunua sange kwa wawindaji, akamtia kwenye kizimba. Filamu yote ni dakika mbili. Samweli aliipenda tangu alipoiona, na alisema ndiyo iliyomfanya achoke na maharusi. Hata banda hili alilijenga kwa kuiga kile kizimba.

Odete akainama. Kwenye kioo cha kompyuta sange mdogo wa kijivu alikuwa anazunguka, anazunguka, halafu ghafla anavutwa nyuma, anaanguka ubavu, anainuka, anazunguka tena.

"Kafungwa," akasema.

"Ndiyo. Ukitazama kwa makini uzi unaonekana."

"Aliishi?"

Samweli aliinama. Akawa anafuta vumbi pembeni ya kompyuta kwa kidole.

"Samweli. Nimekuuliza. Aliishi?"

"Ndani ya kopo la filamu kulikuwa na kikaratasi," akasema, macho chini. "Kimeandikwa, alikufa siku ya nne."

Luisa aligeuka kulitazama banda. Kilichosikika ni vile vidole vidogo kwenye mchanga, kwenda na kurudi.

"Na leo ni siku ya ngapi?" Odete akauliza, ingawa alijua.

"Ya nne, mama."

"Ulijua, ukanyamaza. Ukaniacha nikaweke dole gumba pale ofisini."

"Nilidhani wale hawakumlisha! Sisi tunamlisha, tunampa maji, nikasema wa kwetu ataishi. Haki ya Mungu, mama, nilidhani..."

"Huyu kijana alale tena nyumbani kwangu?" Luisa akafoka. "Nipe ule mshipi wake nimfunge yeye mguu!"

Odete akamnyamazisha wifi yake kwa mkono. Hakuwa na hasira. Hasira zingekuja baadaye zikipata nafasi. Alikuwa bado anaitazama ile picha ya zamani iliyosimama kwenye kompyuta. Kulikuwa na jambo pale linamsumbua, na hakuweza kulishika.

"Picha zako ziko wapi?" akasema. "Za hapa. Nionyeshe tangu Jumapili."

Samweli akatafuta. Jumapili jioni: sange ndani ya banda, katoka tu kwenye tenga alilobebewa. Pamoja naye yalimwagika majani makavu yaliyomo tengani. Kaingiza pua kwenye lile rundo, kachomoa kitu, anatafuna.

"Hapo anakula," Odete akasema. "Endelea."

Jumatatu asubuhi. Sange kasimama katikati ya banda, pua juu, anageuka huku na huku kama mtu aliyeshuka kituo sicho. Chini, mchanga mweupe, safi, una mistari imejipinda kama nusu mwezi, mmoja baada ya mwingine, kutoka ukutani mpaka mlangoni.

"Simamisha. Hii mistari ni ya nini?"

Samweli akamtazama kwa mshangao. "Ni ufagio wako, mama."

Odete akakaa chini, palepale mchangani.

Kila alfajiri aliingia bandani na ufagio wa chelewa, akafagia kwa kurudi kinyumenyume mpaka mlangoni, kama anavyofagia uwanja wake na kama mama yake alivyomfundisha. Mama alikuwa mkali kwa hilo. "Sisi ni watu wa kuja," alikuwa anasema. "Mwenyeji akipita asubuhi, asiukute uwanja wetu una jani." Kwa miaka karibu arobaini Odete hajawahi kuliacha jani lionwe na jua uani kwake, na pale alipokuwa na mgeni alifagia mara mbili. Samweli naye alifurahi, maana picha ilitoka safi, kama ile ya mzungu, ambayo nayo chini hapakuwa na jani.

Naye alijua! Hilo ndilo lililomuuma. Hakuna mtu Nambunda aliyejua zaidi yake kwamba sange anaishi ndani ya majani kama samaki ndani ya maji. Chakula chake kiko chini ya majani. Kitanda chake ni majani. Anachosafisha ni vile vijia vyake vyembamba tu vya kukimbilia, basi. Msituni Odete asingegusa jani moja. Lakini mnyama alipofika uani, Odete wa msituni alibaki msituni, akampokea Odete wa nyumbani: akamtandikia khanga, akampakulia kwenye sahani, akamfagilia. Akamnyima usingizi siku tatu kwa adabu.

Akainuka, akajipangusa mchanga. "Luisa, leta viroba vyote ulivyonavyo. Samweli, acha kamera. Tunakwenda msituni."

"Majani si yapo hata hapa, chini ya mikorosho?"

"Ya korosho atayajulia wapi? Yake."

Walitoka mbio mbio, Odete mbele, Samweli nyuma na viroba vinne mabegani, Luisa kaachwa kulinda, kaapishwa asimruhusu kuku wala mtoto kusogea. Jua lilishapanda. Njiani, karibu na daraja la magogo, wakakutana na mwenyekiti Jafari kwenye baiskeli. Akashusha mguu mmoja.

"Mama Riziki! Vipi mgeni wa watu?"

Ingekuwa rahisi kusema salama. Samweli alishafungua mdomo aseme hivyo.

"Mgonjwa, mwenyekiti," Odete akajibu. "Nimemkosea. Nakwenda kurekebisha."

Jafari akamtazama, kisha akavitazama vile viroba. Hakuwa mtu mbaya Jafari, ila alikuwa na kijiji kizima mgongoni, na wapo waliosema tangu mwanzo kwamba watu wa ng'ambo ya mto wamepewa msitu uwe wao.

"Saa kumi nitakuja na wajumbe wawili," akasema. "Nimkute hai, mama Riziki. Mimi sitaki kukifungua kile kitabu."

"Njoo, mwenyekiti."

Nambunda kulikuwa na ubaridi na harufu ya udongo. Odete alikwenda moja kwa moja kwenye eneo la yule jike. Akaanza kukusanya kwa mikono miwili, taratibu, majani ya juu makavu na ya chini yenye unyevu, pamoja na vijiti vyake, jongoo wake na mchwa wake. Kiroba cha pili kilipojaa, akatulia.

"Nini?" Samweli akanong'ona.

"Sikiliza."

Pa. Pa. Pa. Kama mtu anapiga kijiti kidogo kwenye majani. Ni mkia wa sange, anapiga chini akishtuka au akigomba. Upande wa kushoto dume wa yule jike alionekana kidogo, kasimama kwenye njia yake. Na ile njia, iliyokuwa safi siku zote, ilikuwa imeanza kufunikwa na majani. Kisha kutoka kulia, mbali, mwingine akajibu. Pa. Pa.

Odete akaweka kiroba chini. "Ameshafika mpakani."

"Nani?"

"Wa nje. Ananusa nafasi. Akiingia huyo, wa kwetu tukimleta Jumamosi atafukuzwa kwake. Hatuna siku saba, mwanangu. Tuna leo."

Samweli akavuta pumzi. Odete alijua anawaza filamu yake. Lakini aliinama akajaza kiroba cha tatu, halafu cha nne, haraka kuliko yeye.

Walirudi adhuhuri, nguo zimeloa jasho. Luisa alikuwa kasimama palepale walipomwacha, fimbo mkononi.

"Ameanguka mara mbili," akasema. Hakutania. "Anainuka, lakini ameanguka."

Odete akaingia bandani. Akatoa boksi, akatoa khanga, akatoa sahani. Akamwaga viroba vyote vinne mpaka mchanga haukuonekana, akatoka kinyumenyume, safari hii mikono mitupu. Wakakaa kwenye kivuli cha jiko. Samweli akaiwasha kamera yake.

Sange aliendelea kukimbia. Majani yalimfika tumboni, akawa anayapasua, kona kwa kona, kona kwa kona.

"Hayaoni," Luisa akanong'ona.

"Nyamaza."

Kona kwa kona. Akajikwaa, akaanguka. Safari hii hakuinuka. Alilala ubavu, mbavu zinapanda na kushuka, na Odete akajikuta anahesabu zile pumzi kama alivyohesabu za Valdemar hospitalini, akiogopa ifike moja isiyofuatwa na nyingine.

Kisha ile pua ikasogea. Yenyewe tu, mwili umelala. Ikageuka kushoto, ikainua jani moja. Ikaingia chini yake. Ukatoka ulimi mwembamba, ukachukua kitu. Pua ikasogea kidogo mbele, ikainua jani jingine.

"Anakula," Samweli akasema.

Alikula amelala, halafu alikula amechuchumaa, halafu alisimama. Na baadaye, kama mtu aliyekumbuka kazi, akaenda kwenye kona ya kivuli akaanza kufukua kwa miguu ya mbele. Akachimba kishimo cha ukubwa wa bakuli. Akarudi nyuma, akayakokota majani kwa mikono, akayasukumia kishimoni. Akaingia, akazunguka ndani, akayakandamiza. Akatoka, akakokota mengine. Hakuharakisha. Kila baada ya muda alisimama, miguu inamtetemeka, kisha akaendelea. Mwisho akazamia chini ya rundo lote. Majani yakainuka, yakatikisika, yakashuka. Yakatulia.

Hapakuwa na mnyama tena. Palikuwa na majani tu, usingejua.

Samweli alitoa jicho kwenye kamera, akajifuta uso kwa bega. Luisa akamwangalia. "Bwana harusi analia," akasema, lakini kwa upole.

Saa kumi kasoro Jafari akaingia na wajumbe wake wawili. Wakasalimiana. Jafari akasogea kwenye kioo, akatazama muda mrefu.

"Yuko wapi?"

"Amelala, mwenyekiti. Chini ya yale majani ya pembeni."

"Chini ya uchafu?"

"Ndicho kitanda chake."

Jafari akawageukia wenzake, akamgeukia tena Odete. "Mama Riziki, asubuhi umeniambia mgonjwa. Sasa naona rundo la majani. Na aliyekufa naye analala. Fukua tumwone."

"Hapana."

"Unasema?"

"Nasema hapana, kwa heshima zote. Hajalala siku tatu, kwa kosa langu mimi. Nikimfukua sasa, ndiyo nitakuwa nimemuua. Kama nimekudanganya, Nambunda siingii tena, dole gumba langu liko kwenye kitabu. Ila subiri aamke mwenyewe."

"Ninazo picha, mwenyekiti," Samweli akadakia. "Za leo hii hii!"

"Wewe umewatengeneza maharusi wangapi weusi wakatoka weupe?" mjumbe mmoja akamuuliza.

Jafari akaomba kigoda. Akakaa mbele ya kioo, mikono juu ya magoti, kama mtu aliyekuja kwenye msiba asiyejua bado amefiwa nani. Kuku walipita. Kivuli cha jiko kikarefuka, kikafika kwenye miguu ya Odete, kikapanda magotini. Majani hayakutikisika. Odete alianza kuyaona kama Jafari anavyoyaona: rundo, na chini yake kitu kilichopoa. Labda alichelewa. Labda kile chakula kilikuwa cha mwisho. Alitamani kuingia afukue mwenyewe, ajue tu, na mikono yake akaikalia.

Mwadhini akiwa bado hajaita magharibi, jua liko juu ya mikorosho, rundo likatoa sauti.

Pa.

Jafari akaruka kwenye kigoda.

Pa. Pa. Pua ndefu ikachomoza katikati ya majani, ikazungushwa pande zote, ikapiga chafya. Kisha mwili wote ukatoka, ukajitikisa, ukajinyoosha mguu mmoja mmoja.

"Subhana'llah," Jafari akasema. Alikuwa kazaliwa na kukulia pale, na hajawahi kumtazama sange aliye hai kwa zaidi ya muda wa kumfukuza.

Luisa akapiga kigelegele, Odete akamziba mdomo kwa kiganja.

"Tunamrudisha sasa hivi," Odete akasema. "Kabla jua halijazama."

"Bado una siku tatu," mwenyekiti akasema. "Barua inaruhusu."

"Yeye hana."

Wote wakamtazama Samweli. Alikuwa na picha moja aliyoitafuta, na siku tatu nyingine za kupata kumi zaidi. Akafungua mlango wa banda, akaenda kuleta tenga.

Walikwenda wote sita, tenga limefunikwa khanga, ile ile ya boksi, na ndani limejaa majani. Odete akaliweka mwanzoni mwa ile njia nyembamba, akafungua. Wakarudi nyuma.

Sange hakutoka. Ilitoka pua. Ikanusa. Ukatoka mguu mmoja wa mbele.

"Mmoja," Jafari akasema kwa sauti ndogo.

Akatoka mzima, akasimama juu ya nchi yake.

"Miwili. Mitatu. Minne," mwenyekiti akamalizia, na wajumbe wakaitikia kwa vichwa, mambo ya ofisi yameisha. Mbali, kulia, mkia wa yule wa nje ukapiga mara moja. Jike akainua kichwa. Akajibu mara tatu, kwa nguvu, mpaka jani likaruka. Wakangoja. Upande wa kulia hapakusikika tena kitu.

Ndipo akainama kwenye njia yake, ile iliyoanza kufunikwa, akaanza kuyasukuma majani pembeni kwa miguu ya mbele, upande huu, upande ule, akisonga kidogo kidogo.

"Tazama, wifi," Luisa akanong'ona. "Na yeye anafagia."

"Kwake," Odete akasema.

Samweli hakuwa na kamera. Aliiacha nyumbani, na hakuna aliyemuuliza kwa nini.

Wakati wa kurudi alitembea karibu na Odete. "Mama, ile mistari ya ufagio nitaiondoa kwenye filamu. Watu wasijue."

"Iache," Odete akasema. "Na yule wa zamani mweke, na kile kikaratasi chake. Mwingine akitaka kufuga sange aone kwanza."

Mbele yao Jafari alikuwa anasukuma baiskeli yake. Akageuza kichwa. "Mama Riziki, kesho unaingia kuchimba?"

"Naingia, mwenyekiti. Nimepoteza siku nne."

"Basi ukimwona, msalimie."

Odete alifika nyumbani giza halijaingia. Uani mlikuwa na majani kila mahali, yaliyomwagika kwenye viroba. Akachukua ufagio wake wa chelewa, akausimamisha mkononi kwa muda, kisha akafagia uwanja wote mpaka ukang'aa.